Ganda ndilo linaloamua: hotuba kuhusu pili, kenari na tengkawang

Mheshimiwa mwenyekiti, wazee wangu, mama zangu, kaka na dada, na nyie vijana mliosimama nyuma kwa kukosa viti poleni sana, itifaki imezingatiwa. Nimeombwa niongelee miti ya Asia ya joto, ile inayotoa mbao na wakati huohuo inatoa njugu za kula, sasa nikisema niitaje yote tutalala hapa, kwa hiyo nimechagua. Nitakaa sana kwenye jamii moja ambayo wataalamu wanaiita Canarium, humo ndo imo miti miwili inayoitwa pili na kenari, halafu nitaenda Borneo kwenye mti mwingine wa njugu unaoitwa tengkawang, mingine nitaipitia juu juu. Mafundi seremala mliokuja kusikia habari ya mbao msiondoke, zamu yenu ipo, ingawa sidhani kama mtafurahi.

Niseme mapema ninachotaka kusema, asije mtu akasinzia akakikosa. Hii miti haikatwi kwa sababu watu hawajui thamani ya njugu zake. Wanajua, tena wanajua kuliko sisi, babu zao wamezila. Inakatwa kwa sababu gogo lina mnunuzi anayekuja mpaka mlangoni na lori na pesa taslimu, wakati njugu ina ganda gumu kama nini, inataka kupasuliwa, kukaushwa, kupangwa kwa ukubwa, kusafirishwa, na ukifika kwa mnunuzi anaanza kukwambia hizi zimechacha. Kwa hiyo mtu akiniuliza mti huu utaokolewaje, mimi simpeleki kwenye semina ya mazingira, nampeleka kwenye ganda.

Kwanza mti wenyewe. Canarium ni jenasi yenye spishi kama mia na ushee hivi, zimesambaa kuanzia Afrika zikapita India na Sri Lanka, kusini mwa China, Vietnam, Malaysia, Ufilipino, Indonesia mpaka visiwa vya Pasifiki, ila Asia ya kusini mashariki ndo kwao hasa. Familia yake ni ile ya ubani na manemane, kwa hiyo usishangae ukikwaruza gome ukaona utomvu wa kunukia unatoka na kuganda. Ule wa Canarium luzonicum wa Ufilipino unauzwa kwa jina la elemi ya Manila, unaingia kwenye manukato na vanishi, ni biashara ya siku nyingi. Tunda lina sehemu tatu, nyama nje, kokwa gumu katikati, na ndani ya kokwa kuna kiini, hicho kiini ndo njugu yetu ya leo. Na pili na kenari zina mti dume na mti jike, hilo lishikeni maana tutalirudia.

Anayejulikana zaidi sokoni ni pili, Canarium ovatum, mwenyeji wa Ufilipino. Kwao hasa ni Bicol, ile sehemu ya kusini ya kisiwa cha Luzon yenye volkano ya Mayon, Albay na Sorsogon na majirani zao, na ni eneo ambalo tufani zinapita karibu kila mwaka. Mti wa pili unafika mita 20 hivi na sifa yake kubwa kule ni kuhimili upepo, minazi inalala, migomba ndo usiseme kabisa, pili unavunjika matawi unabaki umesimama na baadaye unachipua. Tunda likiwa changa ni kijani, likiiva linakuwa jeusi, nyama yake inalainishwa kwenye maji ya moto inaliwa na chumvi au sosi ya samaki. Ndani unakuta kokwa refu lililochongoka ncha zote mbili, na ukilikata katikati unaona umbo la pembe tatu.

Kiini chake sasa. Gramu 100 za kiini kikavu zina mafuta karibu gramu 80, protini kama gramu 11, wanga gramu 4 tu, na magneziamu ya kutosha. Korosho haioni ndani kwa mafuta, hata makadamia inayosifiwa sana iko chini kidogo. Ladha ni ya siagi siagi hivi, laini, haina ule ukali wa lozi, na ukiikaanga taratibu na chumvi kidogo inakatika mdomoni bila kutafunwa sana. Wa-Bicol wanaifanyia peremende, wanaipika kwenye sukari, wanaikatakata juu ya keki, ndo zawadi ambayo mgeni akitoka kule lazima arudi nayo.

Haya, sasa hilo kokwa. Wanaopasua pili kwa mkono wanakaa chini, mbele yao kipande cha gogo, mkono mmoja unalishika kokwa kwa vidole viwili, mwingine una panga zito. Pigo moja fupi, siyo la nguvu za kukata kuni, ni la kipimo, panga linaingia kwenye ganda halafu linasimama hapohapo kabla halijagusa kiini. Ganda linaachana, kiini kinatoka kizima kikiwa na ngozi yake ya kahawia. Kisha jingine. Kisha jingine. Ukizidisha nguvu umekata kiini vipande viwili na bei imeshuka, maana kiini kizima ndo kinachouzwa vizuri, vipande vinaenda kwa watu wa peremende. Ukipunguza nguvu kokwa linaruka linaenda kumpiga jirani, na vidole vyako viko pale pale sentimita chache kutoka kwenye makali. Mashine zipo, zimebuniwa za aina nyingi, ila makokwa hayalingani ukubwa wala unene wa ganda, mti huu na mti ule vinatofautiana, mashine uliyoipima kwa ya mti mmoja inasaga ya mwingine. Ndo maana mpaka leo panga halijastaafu. Na ukipima tunda zima, kile kiini unachopata mwishoni mara nyingi hakifiki hata robo ya uzito, kwa hiyo mtu amebeba gunia toka shambani na sehemu kubwa ya alichobeba siyo cha kuuza.

Nani mwingine ameweza hilo ganda? Kasuku. Alfred Russel Wallace, yule mwanasayansi Mwingereza aliyezunguka visiwa vya Malay miaka ya 1850, mwaka 1857 alikuwa visiwa vya Aru, karibu na New Guinea, akamwangalia kasuku mkubwa mweusi mwenye kishungi anavyokula kenari. Wallace mwenyewe aliandika kwamba lile kokwa lilihitaji nyundo nzito. Ndege anafanyaje? Analichukua kokwa analiweka mdomoni kwa urefu, analishikilia kwa ulimi, halafu kwa ule mdomo wa chini wenye makali anaanza kulikereza kama msumeno, taratibu, mpaka atoboe mfuo mdogo wa kukata upande. Akishapata huo mfuo analishika kwa mguu, anang'ata kipande cha jani analiacha jani ndani ya mdomo wa juu, analirudisha kokwa, jani linazuia lisiteleze, anaweka makali ya mdomo wa chini kwenye mfuo, anabana kwa nguvu mara moja, kipande cha ganda kinaruka. Halafu anaingiza ncha ndefu kali anachokonoa kiini kidogo kidogo na ule ulimi wake mrefu. Jani! Ndege kagundua kwamba shida ya kwanza ya kokwa siyo ugumu, ni kuteleza. Mafundi wa mashine mliopo hapa, hilo nawaachia.

Na mche nao una njia yake. Kokwa la jamii hii lina vifuniko kwenye kuta zake, likifukiwa likapata unyevu wiki kadhaa kifuniko kinasukumwa kutoka ndani na mche unatoka bila panga wala kasuku.

Wachina wao wameliheshimu ganda lenyewe. Kusini mwa China, upande wa Guangdong, wana Canarium album na Canarium pimela, matunda wanayatafuna, wanayahifadhi kwenye chumvi, na viini vya pimela, ile yenye tunda jeusi, vinaingia kwenye keki za sikukuu ya mwezi, zile zenye mchanganyiko wa njugu 5. Lakini kokwa wanalichonga. Kuna mashua ndogo iliyochongwa mwaka 1737 na fundi wa ikulu aliyeitwa Chen Zuzhang, ipo kwenye jumba la makumbusho la ikulu kule Taipei, urefu wake haufiki sentimita 4, imetoka kwenye kokwa moja tu. Ina paa, ina madirisha yanayofunguka na kufunga, ina watu ndani, na chini ya mashua pameandikwa maandishi zaidi ya 300 kwa sindano sijui kwa nini kingine. Nimeitaja kwa sababu watu wa mbao mnapenda kusema fundi mzuri anataka mti mkubwa. Hapana.

Turudi kwenye chakula. Indonesia ya mashariki, Maluku na Sulawesi, ndo kwenye kenari yenyewe, Canarium indicum na Canarium vulgare, miti mikubwa hasa, ya kwanza inaweza kufika mita 40, mizizi yake imesimama juu ya ardhi mipana unaweza kujificha nyuma yake. Ambon wanaitia kwenye biskuti za sago zinazoitwa bagea, na wana kahawa ya tangawizi na viungo, rarobang, ambayo juu wanamwagia kenari iliyokatwa nyembamba, unakunywa huku unatafuna. Kisiwa cha Alor kinajiita kisiwa cha kenari kabisa. Waholanzi walivyotawala waliipanda mjini pia, Bogor kule Java mpaka leo kuna barabara zenye kenari za zamani pande zote mbili.

Ila kazi ya kenari niliyoipenda kuliko zote ni ya Banda. Visiwa vya Banda ndo nyumbani kwa kungumanga na basibasi, ile kungumanga iliyowafanya Waholanzi wa VOC, kampuni yao ya biashara, chini ya Jan Pieterszoon Coen wavamie mwaka 1621 na kuwaua na kuwahamisha wenyeji wengi mno, historia chungu sana ile. Sasa mkungumanga haupendi jua kali wala upepo wa bahari, unataka kivuli. Nani anatoa kivuli? Kenari. Juu kabisa kenari, chini yake kungumanga, na chini ya hapo watu wanaokota vyote viwili. Huo ni mfumo wa karne nyingi na hauna jina la kisasa la mradi wala bango la mfadhili. Hapo mtu hakati kenari kwa sababu akikata anaua na kungumanga yake, yaani mti umelindwa na kazi yake, siyo na askari wa misitu.

Wakulima wa kakao wa New Britain Mashariki, Papua New Guinea, wamefika hapohapo kwa njia ya matatizo. Mwaka 2006 aligunduliwa kule kiwavi anayetoboa matunda ya kakao, mavuno yakaanguka vibaya, watu wakabaki wanatafuta cha kuweka pembeni ya kakao. Huo mti wao wanauita galip, ni hiyohiyo Canarium indicum, wanaula tangu enzi na enzi, wachimbaji wa mambo ya kale wanakuta maganda yake yaliyoungua kwenye makazi ya maelfu ya miaka. Taasisi ya utafiti wa kilimo ya nchi hiyo, NARI, kwenye kituo cha Keravat, kwa msaada wa watafiti wa Australia, wakaja na kitu ambacho mimi naona ndo cha maana kuliko miche yote iliyogawiwa duniani: wakajenga sehemu ya kununua. Mama anaokota galip analeta, inapimwa, analipwa, anaondoka. Kupasua, kukausha na kufungasha siyo shida yake tena. Unaona tofauti? Kabla ya hapo kila mtu aliambiwa panda galip, ni mali. Mali iko wapi kama kupasua napasua mimi na jiwe na kuuza nauza pembeni ya barabara?

Kukausha nako kusidharauliwe. Njugu yenye mafuta hivi ikibaki na unyevu inaota ukungu, na ikikaa vibaya kwenye joto mafuta yanachacha, unapata ile harufu ya rangi ya kale, mnunuzi mmoja akiionja hiyo hakurudii. Nyama ya nje itolewe mapema isianze kuchachuka ikapeleka rangi na ladha ndani, kokwa likaushwe, lipasuliwe, kiini kikaushwe tena. Kizuri ni kwamba ganda lenyewe ni kuni bora sana, linawaka moto mkali, kwa hiyo kikaushio kinaweza kujilisha mwenyewe. Soko la nje nalo lilikuwa na mlango umefungwa, Ulaya walikuwa wanaihesabu pili kama chakula kipya kisichothibitishwa, mpaka 2023 ndo wakaruhusu njugu kavu za pili ziuzwe kule. Na mwenye aleji ya korosho awe makini na hizi njugu, familia hizi mbili ziko karibu.

Sasa mafundi. Mbao za Canarium, kule Malaysia zinaingia kwenye kundi linalouzwa kwa jina la kedondong, pamoja na ndugu zake wengine wa familia. Gogo lake ni zuri kwa macho, limenyooka, refu, halina matawi chini, na hapo ndipo mti unapoponzwa, maana mwenye msumeno akiangalia msituni anaona gogo la kupasulia, haoni njugu. Lakini ukishalipasua unakuta nini? Mbao nyepesi mpaka ya kati, inaranda vizuri kiasi, ila ina chembe za silika zinazokula meno ya msumeno, utakuwa unanoa kutwa nzima. Mchwa anaipenda. Ukungu wa bluu unaingia haraka ukichelewa kukausha. Nje ya nyumba usiipeleke. Kwa hiyo inaishia kwenye plaiwudi, vinia, maboksi, ubao wa ndani, Visiwa vya Andaman Canarium euphyllum imeenda sana kwenye plaiwudi na vijiti vya kiberiti. Vijiti vya kiberiti jamani. Mti unaoweza kuzaa miaka na miaka, mjukuu akaja akaokota palepale babu alipookota, unaukata unauwasha sigara. Ni mtu aliyepeleka ng'ombe wa maziwa buchani siku alipokosa nauli, na buchani wenyewe wamemwambia nyama ngumu.

Ndiyo maana nasema kwa Canarium hesabu siyo ngumu, mbao ya kawaida, njugu ya hali ya juu. Mti dume wala sikukatazi, vuna mbao, acha madume machache ya kuchavusha, mengine kata. Lakini jike linalozaa, hapana.

Tengkawang ni kesi nyingine na hapa naomba mnisikilize vizuri maana watu wanapenda kuchanganya. Hii siyo Canarium, ni Shorea, kina Shorea stenoptera na Shorea macrophylla, wa Kalimantan na Sarawak kwenye kisiwa cha Borneo, Sarawak wanaiita engkabang. Jamii ya Shorea ndo inayotoa meranti, na meranti kila fundi wa dunia hii anaifahamu, hiyo mbao siyo ya kubeza, imejenga milango na madirisha Japani, Ulaya, kila mahali, na kuanzia miaka ya 1970 magogo ya Kalimantan yalitoka kwa kasi ya ajabu mpaka Indonesia mwaka 1985 ikapiga marufuku kuuza magogo mabichi nje. Kwa hiyo hapa pande zote mbili zina nguvu, mbao ni ya pesa na njugu ni ya pesa.

Njugu ya tengkawang ina mbawa. Inaanguka inazunguka hewani inatua chini, na ndani ina mafuta mengi yanayoganda na kuyeyuka karibu sana na siagi ya kakao, yaani ni magumu mkononi na laini mdomoni. Watu wa chokoleti wanalijua hilo. Sheria ya chokoleti ya Umoja wa Ulaya ya mwaka 2000 imetaja mafuta ya mimea 6 tu yanayoruhusiwa kuongezwa, yasizidi asilimia 5, na mojawapo ni haya ya tengkawang, wao wanayaita illipe. Huenda umeshayala na hujui. Wadayak, wenyeji wa Borneo, wao walikuwa wanayakamua zamani, wanayahifadhi kwenye vipande vya mianzi, wanakwangua kidogo juu ya wali wa moto.

Tatizo lake ni kwamba haizai kila mwaka. Msitu mzima unakaa kimya mwaka wa kwanza, wa pili, wa tatu, hata wa sita, halafu ghafla, mara nyingi baada ya ukame wa El Niño, miti inachanua kwa pamoja, njugu zinamwagika mpaka hazikusanyiki. Na zikishaanguka hazisubiri, zinaota siku chache tu, nguruwe pori wanazifuata, kwa hiyo familia nzima inahamia msituni kuokota, watoto, bibi, kila mtu, zinakaushwa kwa jua au moshi usiku na mchana. Baada ya hapo kimya tena. Sasa mwenye kiwanda atasubirije? Anataka mzigo kila mwezi. Mwaka wa mavuno bei inaanguka kwa sababu zimejaa, mwaka usio na mavuno kiwanda kimehamia kwenye mafuta mengine. Katikati ya hiyo miaka mikavu ndo mtu wa msumeno anapokuja kubisha hodi, na baba ana mtoto wa shule.

Kilichoilinda kwa muda mrefu ni urithi. Kalimantan Magharibi wana bustani za misitu wanaziita tembawang, ni mahali palipokuwa na nyumba ndefu ya ukoo zamani, ukoo ulihama, miti waliyopanda ikabaki, tengkawang, durian na mingineyo, na kila mti una wenyewe wanaojulikana. Huwezi kuuza peke yako mti ambao binamu zako 20 wana haki ya kuokota chini yake. Mkoa huo umeifanya tengkawang kuwa mmea wake wa nembo na serikali ya Indonesia mwaka 1999 ikaweka spishi kadhaa za tengkawang kwenye orodha ya mimea inayolindwa, sawa, nzuri, ila mimi nawaamini zaidi wale binamu. Kwa tengkawang ningesema kiwanda kidogo cha kukamua kiwe hukohuko kijijini, kwa sababu njugu haitunziki lakini mafuta yanatunzika, ukiyakamua mwaka wa neema unayauza kidogo kidogo miaka ya njaa. Hapo ndo umeipa njugu uwezo wa kushindana na gogo.

Mingine kwa haraka. Kemiri, Aleurites moluccanus, inaliwa Indonesia nzima kwenye viungo vya mchuzi lakini mbichi ina sumu, lazima ipikwe au ikaangwe, mbao yake laini haina maisha. Keluak, Pangium edule, mbegu yake ina sayanidi, inachemshwa halafu inafukiwa kwenye majivu na udongo kama siku 40 mpaka iwe nyeusi, ndo inatoa mchuzi mweusi wa rawon kule Java ya mashariki. Usije ukasikia mti wa njugu wa Asia ukaokota ukala. Sarawak kuna dabai, Canarium odontophyllum, hiyo wanakula zaidi nyama ya tunda, inalowekwa kwenye maji ya vuguvugu inalainika, inaharibika ndani ya siku chache tu kwa hiyo anayeila vizuri ni aliye karibu. Na India kwenye milima ya Ghats Magharibi kuna Canarium strictum, yule wanamtafuta kwa ulimbo mweusi, wanamkata gome na kumchoma moto chini ya shina ili atoe zaidi, miti imekufa mingi kwa tamaa hiyo.

Nimalizie na wanaotaka kupanda, maana najua mmekuja kwa ajili hiyo. Nilisema kuna dume na jike. Ukipanda pili au kenari kwa mbegu, karibu nusu itatoka madume, na hutajua mpaka ichanue, miaka 5 au 6 unapalilia mti ambao hautakuzalia hata kokwa moja. Nimeona watu wanagawiwa miche kwa mamia, picha zinapigwa, hakuna aliyewaambia hilo, na miaka 6 baadaye mkulima aliyekasirika anakata yote, dume na jike, anapanda kitu kingine. Mche wa kubebesha ndo jibu, unachukua kikonyo kutoka kwenye jike linalojulikana, lenye kokwa kubwa na ganda lisilo nene sana, unabebesha juu ya mche wa mbegu, unaanza kuzaa mapema kidogo, miaka 3 au 4, na unajua unachopanda. Kubebesha pili siyo rahisi, mingi inakufa mkononi mwa asiyezoea, kwa hiyo tafuta fundi. Acha dume mmoja mmoja shambani wa kuchavusha, wadudu watafanya kazi yao.

Na mbegu haikai. Ukiitunza kwenye gunia miezi kadhaa uotaji unashuka vibaya, ukiipata panda ikiwa mbichi, toa nyama yote, weka kitaluni kwenye kivuli, subiri, usiichimbe kila siku kuangalia.

Haya, muda wangu umeisha, mwenyekiti ananiangalia vibaya. Maswali. Mzee wangu pale mbele amenyanyua mkono tangu nilipotaja mchwa, tuanze na wewe, kisha mama mwenye kitenge cha kijani, nadhani lako ni la mashine.